Sikadi si mti wa ngazi, na za kwetu Katanga zimeficha shina chini

Siku ya Matawi hapa Lubumbashi utaona mtu anaingia kanisani na jani refu la kijani, limekauka-kauka kama plastiki, lina ncha zinazochoma, amelikata kwenye parseli yake, na ukimuuliza atakuambia ni la ngazi, ule mti wa mawese. Si la ngazi. Ni la Cycas, moja ya mimea tunayoita sikadi, mara nyingi Cycas revoluta ya Japani, ile wanayopandaka wenye bustani nzuri mbele ya barza, na kwa ukoo ngazi iko karibu na mahindi kuliko na hii kitu.

Mi ni mtu wa botanike, na kwenye sikadi sheria yangu ya kwanza ni kutoamini umbo. Ngazi inatoa maua, inazaa matunda, tunakamua mawese. Sikadi haina ua hata moja, mbegu zake zinakaa uchi bila tunda, kwa hiyo fasi yake ni pamoja na misonobari. Halafu kila mti una jinsia, huu dume ule jike, na ukiwa na dume peke yake hupati kitu. Kuna Encephalartos woodii ya Afrika Kusini, mti mmoja wa kiume ulionekana 1895 na mpaka leo jike halijapatikana, yote unayoona kwenye bustani za dunia ni vichipukizi vya dume huyo huyo.

Ila uzazi wenyewe ndo unanifurahisha zaidi. Koni ya dume, kitu kama kile cha msonobari ila hii inabeba chavua, ikikomaa inajitengenezea joto na kutoa harufu, fukusi wanajaa, wanakula humo na kuzaliana humo, kisha wanabeba chavua mpaka kwa jike. Chavua ikifika ndani haimalizi kazi kama kwa mahindi, hapana, inaachilia chembe za kiume zinazoogelea kwenye tone la maji, zina maelfu ya mikia midogo, na ni kubwa kiasi kwamba bila mikroskopu unaweza kuziona kama vumbi! Mjapani Ikeno ndiye alizigundua kwa Cycas mwaka 1896. Kuogelea hivyo ni tabia ya mimea kama kangaga, kwenye mimea ya mbegu imebaki kwa sikadi na mti wa Ginkgo wa China tu.

Sasa kuzipanga. Spishi zimepita 350, jenasi 10, familia mbili. Cycas iko peke yake kwenye familia yake, zingine zote ziko Zamiaceae. Geuza jani dogo moja, kati ya yale yanayojipanga kwenye jani refu, uangalie: Cycas ina mshipa mmoja katikati basi, Encephalartos ina mishipa mingi myembamba inayokwenda sambamba. Jike la Cycas pia halina koni ya kweli, linabeba mbegu pembeni ya majani mafupi yenye manyoya. Stangeria ya Afrika Kusini yenyewe mishipa yake inatoka katikati inaelekea pembeni kama ya kangaga, na kweli miaka ya 1830 Mjerumani Kunze aliiandikisha kama kangaga, ikatulia huko mpaka ilipotoa koni.

Encephalartos ndo za Afrika, kama spishi 65, na Kongo tuna zetu. Kule Kwango kwenye mpaka na Angola kuna E. laurentianus, shina linaweza kufika mita 15, limelala chini kama gogo. Kasai kuna poggei, Ituri kuna ituriensis. Huku Katanga ni kinyume kabisa: schmitzii ya upande wa Luapula, aliyoiandikisha Mbelgiji Malaisse 1969, schaijesii ya upande wa Kolwezi iliyopata jina 1993, na marunguensis ya milima ya Marungu. Hizi shina liko ndani ya bulongo, juu unaona majani tu katikati ya nyasi, mtu anapita bila kujua. Na sababu si ngumu kuiona ukijua miombo: kila kiangazi moto unapita, majani yanaungua, shina liko salama chini, mvua haijaanza vizuri majani mapya yameshatoka. Mizizi yenyewe inajikunja na kuvuta shina chini mche ukiwa bado mdogo. Mizizi mingine inapanda juu kama matumbawe na kufuga bakteria wanaovuta naitrojeni hewani, ndo maana inaishi kwenye udongo maskini.

Watu wanasemaka sikadi ni "mmea wa dinosauri". Ukoo ndiyo, ulikuwepo hata kabla yao, lakini utafiti wa DNA wa 2011 ulionyesha spishi nyingi za leo hazizidi miaka milioni 12 hivi, na mi hiyo naona inaeleza kwa nini hizi za Katanga zinafanana mpaka zinachosha.

Kwa hiyo ukikutana na moja porini piga picha ya jani dogo upande wa chini, meno ya pembeni, na koni kama iko, na useme umeona wapi. Usichimbe, biashara ya kimataifa ya Encephalartos za porini imekatazwa na CITES, ule mkataba wa dunia wa kulinda viumbe vilivyo hatarini, na mbegu usimpe mbuzi wala mtoto, zina sumu inayoua ini. Ukinitumia picha ya majani peke yake nitakujibu "Encephalartos" tu, jina la pili, la spishi, linangoja koni.