Cheti cha kutokuwa na pingamizi la ndoa: maana yake, na kwa nini ndoa za ugenini hukwamia hapo

Cheti cha kutokuwa na pingamizi la ndoa ni hati ambayo mamlaka ya nchi yako huiandikia mamlaka ya nchi nyingine kuthibitisha kwamba uko huru kuoa au kuolewa: umetimiza umri, huna ndoa nyingine inayoendelea, na hakuna undugu wala jambo jingine la kisheria linalokuzuia. Ni hivyo tu. Hakifungishi ndoa, hakikupi kibali cha kuingia nchi ya watu, wala hakimlazimishi msajili wa huko akupangie tarehe. Lakini kikikosekana, au kikiwa na kasoro, kila kitu husimama, hata kama ukumbi umekwisha kulipiwa na wageni wameshakata tiketi.

Kipo kwa sababu ndoa ya ugenini hutazamwa na sheria mbili kwa mpigo. Namna ya kuifunga, yaani nani anafungisha, mbele ya mashahidi wangapi na baada ya notisi ya siku ngapi, hufuata sheria ya mahali inapofungwa. Uwezo wa kuoa, yaani kama wewe binafsi unaruhusiwa, mara nyingi hufuata sheria ya kwenu. Na hapo pa kwenu pana utata wake. Nchi nyingi za Ulaya bara, Ujerumani na Italia zikiwamo, hutazama uraia. Nchi zilizorithi sheria za Kiingereza hutazama makazi ya kudumu. Ndiyo maana mtu aliyehama zamani hushangaa kudaiwa cheti kutoka nchi ya pasipoti yake, ambako hajakanyaga kwa miaka, na ofisi ya huko nayo inamwambia haina kumbukumbu zake tangu aondoke. Mtu wa namna hii ajiandae kuomba hati mbili, moja ya nchi ya uraia na moja ya nchi anakoishi, na aanze mapema kuliko wengine.

Italia imeliandika sharti hili waziwazi katika kifungu cha 116 cha sheria yake ya madai: mgeni alete tamko la mamlaka ya nchi yake kwamba hakuna kinachomzuia. Hati hiyo huko huitwa nulla osta. Ujerumani ina kifungu cha 1309, kinachoongeza kwamba cheti hupoteza nguvu ndoa isipofungwa ndani ya miezi 6 tangu kilipotolewa. Mkataba wa München wa 1980, ulioweka fomu moja ya cheti hiki kwa nchi kadhaa za Ulaya, nao ulichagua miezi hiyo hiyo 6.

Jambo ambalo wengi hawalitarajii ni kwamba cheti mara nyingi hutaja watu wawili. Kinasema fulani anaweza kumwoa fulani. Kwa hiyo mchumba akibadilisha pasipoti na jina likaandikwa tofauti katikati ya safari ya makaratasi, cheti ulichokwisha kukipata huenda kisipokelewe.

Kukipata kwenyewe kwa kawaida huanza na notisi. Huko Uingereza, kwa mfano, mkazi wa England au Wales anayetaka kuoa nje huenda kwa msajili wa eneo lake, notisi yake hubandikwa siku 28, na asipojitokeza mwenye pingamizi ndipo cheti hutolewa. Cheti hicho hakina tarehe ya kuisha. Cha Uskoti huisha baada ya miezi 3. Hata hivyo usijipe moyo kwa kuwa chako hakina mwisho: anayeamua kama karatasi imechakaa ni ofisi inayoipokea. Msajili wa huko akisema anataka hati ya ndani ya miezi 3 au 6, hilo ndilo la kufuata.

Zipo nchi ambazo hazitoi cheti hiki kabisa. Marekani ndiyo mfano maarufu. Kumbukumbu za ndoa huko hutunzwa na majimbo na kaunti, hakuna daftari la taifa zima, kwa hiyo hakuna ofisi ya serikali kuu inayoweza kusema kwa uhakika kwamba mtu hajaoa popote. Badala yake mwenyewe huapa. Mmarekani anayefunga ndoa Italia hula kiapo mbele ya ofisa wa ubalozi wake, kisha huongeza hati ya Kiitalia iitwayo atto notorio, inayothibitishwa na mashahidi. Ujerumani ina mlango wa aina nyingine: ambaye nchi yake haitoi cheti huomba msamaha kwa rais wa mahakama ya juu ya mkoa, na faili hupelekwa huko na ofisi ya usajili yenyewe. Hatua hiyo huongeza wiki kadhaa, pengine zaidi, na hakuna njia ya mkato. Ufaransa nayo huweza kudai hati ya kueleza sheria ya kwenu inasemaje kuhusu ndoa, kwa sababu meya wa mji mdogo hawezi kutarajiwa kuijua sheria ya kila taifa.

Kwa aliyewahi kuoa, pingamizi kubwa huwa ni ndoa ya zamani. Aliyefiwa huonyesha cheti cha kifo na cheti cha ndoa ile. Aliyeachana huonyesha talaka ya mwisho, na hapo ndipo watu huteleza. England na Wales, mahakama hutoa kwanza amri ya masharti, kisha baada ya angalau wiki 6 na siku 1 ndipo amri ya mwisho inapoweza kuombwa. Mwenye amri ya masharti tu bado ni mume au mke wa mtu, ingawa karatasi yake ina muhuri wa mahakama. Pia talaka ya nchi moja haitambuliki yenyewe kila mahali. Ujerumani, talaka nyingi zilizotolewa nje ya Umoja wa Ulaya hupitia kwanza utaratibu maalumu wa kutambuliwa. Na Italia mwanamke aliyeachika au kufiwa husubiri siku 300 kabla ya kuolewa tena, ila kuna nafuu, kwa mfano akithibitisha kwamba hana mimba. Msajili anayeitekeleza kanuni hiyo hajali kwamba kwenu haipo.

Cheti kikishapatikana, bado ni karatasi yenye muhuri usiojulikana ugenini. Hapo huingia apostili, kibandiko au ukurasa unaoambatishwa kwenye hati kwa mujibu wa Mkataba wa The Hague wa tarehe 5 Oktoba 1961. Huwa na vipengele 10 vyenye namba: nchi, aliyetia saini, cheo chake, muhuri wa nani, mahali, tarehe, na kadhalika. Apostili haithibitishi kwamba yaliyoandikwa ni kweli. Inathibitisha tu kwamba saini na muhuri ni vya ofisa halali. Zaidi ya nchi 120 zimo katika mkataba huo. China iliingia rasmi Novemba 2023 na Kanada Januari 2024, kwa hiyo maelezo ya zamani kuhusu nchi hizo mbili yatakupoteza. Ikiwa mojawapo ya nchi zako haimo, hati hupita njia ndefu: wizara ya mambo ya nje ya nchi iliyoitoa, kisha ubalozi wa nchi inakokwenda. Kati ya nchi za Umoja wa Ulaya, tangu Februari 2019 hati za namna hii hazihitaji apostili tena, na fomu ya lugha nyingi huweza kukuondolea gharama ya tafsiri.

Makosa mawili ya apostili hujirudia sana. La kwanza ni kuipeleka hati kwa mamlaka isiyo yake. Marekani, hati ya jimbo huthibitishwa na katibu wa jimbo lile lile lililoitoa. Cheti cha Nevada hakiwezi kupata apostili ya California. La pili ni gumu kidogo kulibaini: mkataba wa 1961 hauhusu hati zilizotolewa na mabalozi na maofisa wa ubalozi. Kwa hiyo ukiapa ubalozini, usihangaike kutafuta apostili ya kiapo hicho. Kwa kawaida huthibitishwa na wizara ya mambo ya nje ya nchi uliyomo. Thailand ni mfano mzuri: tamko la ubalozini hutafsiriwa kwa Kithai, hupelekwa wizara ya mambo ya nje kuthibitishwa, ndipo hupelekwa ofisi ya wilaya inayosajili ndoa.

Tafsiri huja baada ya apostili, si kabla, kwa sababu apostili nayo huwa ni sehemu ya hati na msajili hutaka kuisoma. Mtafsiri awe yule anayetambuliwa na nchi inayopokea. Aliyeapishwa kwenu anaweza asikubalike huko. Mpe nakala ya pasipoti ya kila mmoja, ili majina yafuate herufi za pasipoti. Tofauti ya herufi moja kati ya cheti cha kuzaliwa, pasipoti na tafsiri inatosha kurudisha faili zima. Mwenye majina matatu kwenye cheti cha kuzaliwa na mawili kwenye pasipoti aandae mapema hati ya kiapo ya kuonyesha kwamba ni mtu yule yule.

Upande wa pili ni masharti ya mahali penyewe, na haya hutofautiana mno. Nevada haidai ukazi wala siku za kungoja: wote wawili hufika na vitambulisho, hupewa leseni, na leseni hudumu mwaka 1. New York hudai saa 24 kati ya leseni na ndoa, na leseni huisha kwa siku 60. Uskoti haidai ukazi, ila notisi ifike angalau siku 29 kabla. England hudai mmekaa huko angalau siku 7 kabla ya kutoa notisi, kisha siku 28 za notisi, ambazo kwa wageni huweza kurefushwa hadi 70. Ufaransa hutangaza ndoa siku 10 na hutaka angalau mmoja wenu awe na makazi katika mji husika, au awe ameishi hapo mwezi mzima mfululizo, au mzazi wa mmoja wenu awe na makazi hapo. Hii ndiyo sababu mtalii hawezi kufika Paris wiki ya kwanza akaondoka na cheti. Halafu huko ndoa ya serikali hutangulia ya dini. Kiongozi wa dini anayezoea kufungisha kabla ya meya anatenda kosa la jinai. Japani wala haijali sherehe: ndoa huwa ndoa fomu inapopokelewa na ofisi ya mji, ikiwa na saini za mashahidi wawili wazima.

Viza nayo isisahaulike. Wageni wengi wanaokwenda Uingereza kufunga ndoa bila nia ya kuhamia wanahitaji viza maalumu ya wanaokuja kuoa, na mwenye viza ya kawaida ya matembezi anaweza kurudishwa mpakani akionekana na nia hiyo.

Ukiyajumlisha haya, utaona kwa nini hesabu hufanywa kutoka mwisho kurudi mwanzo. Chukua tarehe ya ndoa, toa siku za notisi za huko, toa muda wa tafsiri, wa apostili na wa posta, kisha toa siku za notisi za kwenu; tarehe unayoangukia ndiyo ya kuanza. Ukichelewa, muda hautoshi. Ukiwahi mno, cheti cha miezi 6 huisha kabla ya siku yenyewe. Miezi 4 hadi 5 kabla huwa salama kwa wengi wasio na talaka wala makazi ya nchi mbili. Na kama unachotaka hasa ni ufukwe, picha na watu wako, kusema kweli ni busara kufunga ndoa ya kisheria kwenu, kisha ugenini mkafanya sherehe tu, ambayo haidai cheti chochote.

Ndoa ikishafungwa sawasawa huko, kanuni ya jumla ni kwamba kwenu itatambuliwa pia. Israel haina ndoa ya kiserikali, lakini raia wake wengi huifunga Kupro wakarudi na kusajiliwa kama wanandoa. Mipaka ipo: umri mdogo, ndoa ya mke wa pili mahali isiporuhusiwa, na ndoa ambayo mmoja hakuwapo. Ndoa za kwa video kupitia kaunti ya Utah huko Marekani zimeleta mfano mpya: mahakama kuu ya Ujerumani iliamua mwaka 2024 kwamba watu waliotamka ridhaa yao wakiwa Ujerumani, wamefunga ndoa Ujerumani, na sheria ya huko hutaka wote wawili wawe mbele ya msajili. Ndoa hiyo haikusimama. Hali hiyo huacha watu wakiwa mume na mke katika nchi moja na wachumba tu katika nyingine, na matatizo huja kwenye urithi, viza ya mwenzi na usajili wa watoto.

Kutambuliwa na kusajiliwa ni mambo mawili. Uingereza haina daftari la ndoa za raia wake zilizofungwa nje. Cheti cha ugenini ndicho ushahidi wenyewe. Japani hutaka raia wake ataarifu ndani ya miezi 3. Italia huingiza ndoa katika daftari za manispaa. Kwa vyovyote, usiondoke bila cheti rasmi. Las Vegas, kanisa dogo la harusi huweza kukupa karatasi nzuri ya ukumbusho, lakini hati yenye nguvu ni nakala iliyothibitishwa na karani wa kaunti ya Clark, na apostili yake hutoka kwa katibu wa jimbo la Nevada. Agiza nakala mbili au tatu ungali huko. Kabla ya kutia saini, soma majina, tarehe za kuzaliwa na namba za pasipoti herufi kwa herufi, kwa sababu kosa linalosahihishwa papo hapo kwa kalamu ya msajili, ukisharudi kwenu, huenda likahitaji maombi rasmi na apostili nyingine juu yake.