Geji ya juu iko sawa, lakini kompresa inaungua

Fundi akiitwa kwenye chumba cha baridi na kukuta kompresa (pampu inayogandamiza gesi ya kupozea) inachemka, kitu cha kwanza kutazama ni geji nyekundu, ile ya presha ya juu. Ikiwa juu, anaosha kondensa, sehemu inayotoa joto nje. Ikiwa kawaida, anakuna kichwa, anaongeza feni, anaondoka. Keshokutwa anaitwa tena.

Presha ya juu inakupa habari za kondensa: joto la nje, vumbi, feni. Mateso ya kompresa yenyewe utayajua kwa kupima joto la bomba la kutolea gesi, na joto hilo linategemea zaidi uwiano wa presha ya juu kwa ya chini, pamoja na joto ambalo gesi imeingia nalo.

Tupige hesabu kwa R134a, aina mojawapo ya gesi ya kupozea. Evapareta, sehemu inayopoza chumba, iko -10°C, kondensa 45°C. Geji zitasoma karibu bar 1 chini na bar 10.6 juu. Usigawanye namba hizo zilivyo. Kila moja iongezee kwanza bar 1 ya hewa inayotuzunguka. Inakuwa 11.6 kwa 2, yaani 5.8. Sasa gesi imevuja, au filta imeziba, geji ya chini imeshuka hadi 0.3. Juu tupaache palepale, ingawa gesi ikipungua nako hushuka kidogo. Uwiano umeruka hadi 8.9! Ili ufike huko kwa uchafu wa kondensa peke yake, presha ya juu ingebidi ipande zaidi ya bar 6, na hapo kila mtu angeshtuka. Upande wa chini, bar 0.7 tu imetosha, na hakuna aliyeshtuka.

Juu ya hayo, kwenye kompresa zilizofungwa, zenye mota ndani ya chombo kimoja, gesi inayorudi ndiyo inayopoza mota. Ikirudi chache na ya moto, mota nayo inaongeza joto lake.

Pima bombani, kama sentimita 15 kutoka kwenye kompresa, kihisi kimebana vizuri na kufunikwa sponji. Kiganja hakisaidii: kwa 60°C utakitoa haraka, kwa 110°C vilevile. Mimi nikiona 107°C nazima. Kwenye valvu za ndani joto huwa limezidi hilo kwa nyuzi 25 hadi 40, na oili ikikaribia 175°C inaanza kuharibika. Masizi yanaganda kwenye valvu, haifungi sawasawa, gesi ya moto inarudi kwenye silinda na kugandamizwa upya, ikitoka na moto zaidi.

Ila kikomo hicho usikihamishie kila gesi. Amonia, hata ikifanya kazi kati ya -15°C na 30°C tu, hutoka karibu 100°C kwenye mtambo usio na kasoro. Ukikuta 110°C kwenye bomba la amonia, linganisha na kumbukumbu za mtambo kabla ya kushika spana. Kwenye R134a, 110°C hiyohiyo ni ya kuzima kwanza, kisha anza na geji ya bluu, ile ya presha ya chini.