Watitani si majitu, na si kabila jingine: ni baba wakubwa na mashangazi wa Zeus

"Miungu ya Olympos iliwashinda Watitani, majitu waliotawala dunia hapo kale." Sentensi hii nimeisahihisha muhula baada ya muhula, kwa maneno hayo hayo au yanayokaribiana nayo, na safari hii nimeamua kuijibu mara moja ili nipumzike. Ina makosa mawili, na la pili ndilo linaloninyima usingizi.

La kwanza ni neno "majitu". Majitu wa Ugiriki wapo, wanaitwa Gigantes, na walizaliwa na damu ya Ouranos, yaani Mbingu, iliyomdondokea Gaia, yaani Dunia, siku mwana wao Kronos alipomhasi baba yake kwa mundu. Watitani walikwisha kuwapo. Kama unatafuta maumbo ya kutisha, tazama ndugu zao wa tumbo moja: Cyclopes watatu wa jicho moja, na wengine watatu wenye mikono mia na vichwa hamsini kila mmoja. Ndiyo kusema Gaia na Ouranos walizaa watoto 18, na Watitani ni 12 kati yao, sita wanaume na sita wanawake. Hapa huwa sikati alama nyingi, maana hata wataalamu wamewachanganya. Mwaka 1847 mwanafalaki John Herschel alipoipa miezi ya Zohali (Saturn, jina la Kirumi la Kronos) majina ya ukoo wa Kronos, aliwachomeka humo Mimas na Enceladus, nao ni Gigantes.

Kosa la pili ni hilo la "miungu dhidi ya Watitani", kana kwamba ni makabila mawili yaliyokutana mpakani. Watitani ni miungu. Hesiod mwenyewe, mshairi wa kale wa Kigiriki, anawaita hivyo katika Theogonia, utenzi wake wa nasaba ya miungu. Tena ndio waliomzaa huyo Zeus, mfalme wa miungu ya Olympos! Baba yake Kronos ni Mtitani, mama yake Rhea ni Mtitani, na hao wawili ni kaka na dada. Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon na Zeus wametoka humo humo. Kuna aliyeniuliza kama basi hao sita ni nusu Watitani. Nusu ya nini, na nusu nyingine itoke wapi? Kwa Hesiod jina hilo ni la watoto wa Ouranos, ni jina la rika zaidi kuliko la damu, ingawa waandishi wa baadaye waliwapa hata wajukuu kama Prometheus.

Ushauri wangu ni ule ule ninaoutoa kila mwaka na usiosikilizwa: chora ukoo huu kwa Kiswahili. Kiingereza kina neno moja tu kwa baba mkubwa, baba mdogo na mjomba, na ukisoma kwa lugha hiyo nusu ya utamu inakupita. Chukua Iapetos. Kronos ni kitinda mimba, kwa hiyo Iapetos ni kaka yake mkubwa, na kwa Zeus ni baba mkubwa. Lakini Iapetos ni kaka wa Rhea pia, kwa hiyo ni mjomba. Wanawe Atlas, Menoitios, Prometheus na Epimetheus basi ni ndugu wa Zeus kwa upande wa baba, na mabinamu zake kwa upande wa mama. Soma sasa kisa cha kugawana nyama ya kafara mahali paitwapo Mekone, Prometheus alipoifunika mifupa kwa mafuta yanayong'aa akamwachia Zeus achague fungu. Msomaji wa pwani anauona pale utani wa binamu uliovuka mpaka.

Au chukua Metis, mke wa kwanza wa Zeus, binti wa Okeanos na Tethys. Huyo naye ni binamu. Wahenga walisema binamu nyama ya hamu. Zeus alimmeza kweli, tena akiwa na mimba ya Athena. Mke wa pili, Themis, ni Mtitani kamili: shangazi yake kwa baba, na kwa mama ni mama mdogo, kwa kuwa Hesiod anamtaja baada ya Rhea. Mnemosyne, mama wa Muse tisa, miungu wa kike wa sanaa, hali kadhalika. Hawa ndio "maadui" mnaoniandikia.

Sasa itazameni ile vita ya miaka 10 kati ya mlima Othrys wa Watitani na Olympos wa kina Zeus. Ni ugomvi wa urithi, na kama ugomvi wowote wa urithi, ukoo uligawanyika. Okeanos, mkubwa wa wote katika orodha ya Hesiod, hatajwi vitani. Tena ndiye aliyemshauri binti yake Styx awe wa kwanza kwenda kwa Zeus, na Styx akaenda na wanawe Zelos, Nike, Kratos na Bia. Wale wa mikono mia, ndugu wa Watitani wa baba na mama, walipigana upande wa Zeus, kisha wakawa walinzi wa kaka zao walioshindwa na kufungwa kule Tartaros, shimo la chini kabisa ya dunia. Helios, mtoto wa Watitani Hyperion na Theia, aliendelea kuliendesha jua lake. Mnasemaje hapo kwamba kabila moja lilishinda jingine?

Mengine nayamaliza haraka.

Kronos si Chronos. Baba yake Zeus huandikwa kwa kappa, na wakati, chronos, huandikwa kwa khi. Wagiriki wenyewe waliwachanganya zamani, lakini katika Hesiod Kronos hana saa mkononi, ana mundu.

Gaia si mtoto wa Chaos. Chaos alitangulia kuwapo, Gaia akafuata. Kutangulia si kuzaa. Waliotoka kwa Chaos ni Erebos na Nyx.

Aphrodite binti wa Zeus? Kwa mshairi Homer ndiyo, mama yake ni Dione. Kwa Hesiod alitoka katika povu la bahari, pale zilipoelea sehemu za siri za Ouranos, na hapo anaangukia kuwa shangazi. Mwanafunzi aandike anamfuata nani, sitamkosoa.

Na Zeus, ni mkubwa au mdogo? Homer anamwita mkubwa. Hesiod anamfanya kitinda mimba, na Hestia kifungua mimba. Kronos aliwameza wanawe watano wa kwanza. Badala ya wa sita, Zeus, akapewa jiwe lililofungwa nguo za mtoto, akalimeza. Alipotapika, jiwe lilitoka kwanza na Hestia akatoka mwisho, ndiyo maana tenzi ya kale ya Aphrodite inamwita Hestia wa kwanza na wa mwisho pia. Jiwe lenyewe, au lililoaminiwa kuwa ndilo, msafiri Mgiriki Pausanias aliliona Delphi, penye hekalu la Apollo, katika karne ya 2 BK. Anasema si kubwa, na kila siku lilimiminiwa mafuta.