Kawawa mbele ya kamera: yanayosemwa na yaliyokuwa

Mazungumzo ya filamu yanapopamba moto katika vibanda umiza vya Igoma au karibu na mwalo wa Kirumba hapa Mwanza, hakosekani mtu wa kukumbusha kwamba Rashidi Kawawa, aliyekuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika Januari 1962, aliwahi kuigiza sinema. Hilo ni kweli. Yenye kasoro ni yale yanayoongezwa juu yake.

Dhana iliyoenea zaidi ni kwamba alikuwa nyota aliyeupa kisogo utajiri wa sinema ili aingie katika siasa. Ukweli ni kwamba alipoigiza katika Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi, mwanzoni mwa miaka ya 1950, alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni katika kazi za ustawi wa jamii, na filamu zenyewe zilitengenezwa na kampuni ya Johannesburg kwa makubaliano na serikali hiyo. Watazamaji wengi wa vijijini walizifahamu sinema za aina hiyo kupitia gari la sinema, lililofika na mashine yake, likatandaza kitambaa cheupe uwanjani na kuondoka kesho yake. Kwa mpangilio huo, mwigizaji Mwafrika hakuwa na soko la kuuzia kipaji chake, na huo utajiri unaosemwa sijui ungetoka wapi.

Wengine husema kuwa umaarufu wa sinema ndio uliompandisha kisiasa. Hapa inafaa kutazama kwa makini, kwa sababu watumishi wa serikali walikatazwa kujiunga na vyama vya siasa, kwa hiyo Kawawa alijijenga kwanza katika chama cha watumishi Waafrika wa serikali, na Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi la Tanganyika lilipoundwa mwaka 1955 akawa katibu mkuu wake. Baada ya kuacha utumishi ndipo alipoingia TANU. Wasukuma wanaufahamu mfano unaokaribiana na huo: Paul Bomani alipanda kwa nguvu ya ushirika wa wakulima wa pamba, uliokuwa na makao yake hapa Mwanza, katika miaka ambayo TANU ilinyimwa ruhusa ya kufanya kazi katika Jimbo la Ziwa. Wote wawili walitegemea wanachama waliokuwa na madai yao, na kitambaa cha sinema hakina wanachama.

Wapo pia wanaoziita filamu hizo za kwanza nchini. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa majaribio uliokuwa Vugiri, huko Usambara, ulikwisha kutengeneza filamu 35 zenye waigizaji Waafrika, sauti zikiwekwa kwenye santuri na kupigwa wakati picha zikionyeshwa.

Wala hazikuwa filamu za taifa. Kampuni ya Filamu Tanzania, mali ya umma, ilianzishwa mwaka 1968, na wakati huo Kawawa alikuwa Makamu wa Pili wa Rais.