Mkataba wa Pwani haukuwa wa miaka 50

Kila hadithi hii ikirudi barazani, kwamba mkataba wa Mwambao, yaani ukanda wa pwani ya Kenya, ulikuwa wa miaka 50, ukaisha 2013, na tangu hapo Serikali ya Kenya inatutawala bila haki, mimi huuliza jambo moja tu: muda huo umeandikwa wapi? Hajatokea wa kunionyesha. Hatatokea, kwa sababu haumo. Na linalonikera si kosa lenyewe. Suala la nani ana haki ya kututawala huku ni zito, lina machungu ya kweli, na tukilisimamisha juu ya tarehe ya kubuni tunampa wakili wa Serikali ushindi wa bure.

Tuzisome karatasi zenyewe. Ya kwanza ni ya 14 Desemba 1895, kati ya Sultani Hamid bin Thuwaini na Waingereza. Ukanda wa maili kumi unabaki wa Sultani, Waingereza wanausimamia na kulipa pauni 17,000 kwa mwaka, 11,000 kati yake zikiwa kodi. Ndiyo maana bara ilipofanywa koloni 1920, sisi tulibaki protektoreti, yaani nchi ya Sultani chini ya ulinzi wa Waingereza, na bendera yake nyekundu ikaendelea kupepea Ngomeni, Mombasa. Muda wa kumalizika haukutajwa. Karatasi ya pili ni barua za Oktoba 1963 baina ya Jomo Kenyatta na Mohammed Shamte, mawaziri wakuu wa Kenya na Zanzibar, kuhusu ukanda huo kuingia Kenya. Nazo hazina muda.

Miaka 50 ipo, lakini iko kwenye karatasi nyingine kabisa: ruhusa ya 1887 ambayo Sultani Barghash aliwapa William Mackinnon na wenzake wa kampuni ya biashara ya Waingereza. Ruhusa hiyo ilikufa kampuni ilipolipwa ikaondoka. Nadhani mtu aliuchukua muda wa hati moja akaubandika kwenye nyingine, na wengine wakapokea bila kusoma.

Haya, tuseme muda ungekuwepo kweli. Ukiisha, ardhi inarudi kwa nani? Kwa Sultani, kwa mujibu wa hoja hiyohiyo. Na Sultani aliipata wapi Mombasa? Seyyid Said aliitwaa 1837 kutoka kwa Wamazrui. Wamazrui nao walikuja kama maliwali wa Oman, kisha wakajitenga, lakini hawakuweza kutawala peke yao: iliwabidi kukaa na matamimu, yaani wakuu, wa Tisa Taifa na Thelatha Taifa, makundi mawili ya Waswahili wa Mombasa, na kuwaridhisha Wamijikenda kwa zawadi. Kama kuna wakati ambapo mtawala wa mji huu alijua kwamba bila ridhaa hana kitu, ni huo. Anayesema Sultani hakuwa na haki ya kututoa 1963 anieleze nani alimpa haki ya kutukodisha 1895. Ukilikata shina la mti huu, tawi ulilokalia linaanguka pia.

Halafu "Pwani" inayotajwa kwenye kauli ya "Pwani si Kenya" ya wanaotaka kujitenga si ile ya mkataba. Maili kumi hazifiki Voi wala Wundanyi. Taita Taveta haikuwahi kuwa chini ya Sultani hata siku moja.

Sasa niwageukie wa upande wa pili, wale wa "serikali ni serikali, karatasi zipo, kesi imekwisha." Nao hawajasoma. Barua za 1963 zina masharti: uhuru wa dini, mahakama za makadhi zibaki, maafisa wa utawala katika maeneo yenye Waislamu wengi wawe Waislamu kadiri inavyowezekana, watoto wa Kiislamu wafundishwe Kiarabu kadiri inavyowezekana, na hati miliki zilizosajiliwa ziheshimiwe. Anayejivunia karatasi hizo kama chanzo cha mamlaka yake hawezi kuyaruka yaliyomo. Makadhi wamo katika Ibara ya 170 ya Katiba. Mengine, kila mtu ajijibie.

Sharti la hati miliki ndilo ningeomba lisomwe mara mbili. Sheria ya ardhi ya 1908 ilimtaka kila mwenye dai alipeleke kwa Msajili ndani ya muda uliowekwa. Ardhi isiyodaiwa ikawa ya Serikali ya Mfalme. Mwenye maandishi alipona. Wamijikenda walishika ardhi kwa ukoo, bila karatasi, na wengi wakaangukia nje. Zikaja barua za 1963 kulinda hati zilizokwisha kusajiliwa. Yaani ahadi iliyomlinda Mpwani mmoja ndiyo iliyofunga hasara ya Mpwani mwingine, na mjukuu wake leo anaitwa skwota kwenye makaburi ya babu zake. Kwa hivyo ukisema "mkataba utekelezwe kikamilifu," sema pia unatekelezwa kwa faida ya nani.

Uhalali wa leo hauwezi kutoka 1895 wala 1963, kwa sababu mara zote mbili hakuna kura ya maamuzi iliyopigwa huku. Mwaka 1961 James Robertson, aliyetumwa kuchunguza suala la ukanda huu, alikuja, akasikiliza, akaandika ripoti. Kusikilizwa si kuridhia. Ukitafuta ridhaa utaikuta katika kura ya Katiba ya 2010, na Pwani ilisema Ndiyo kwa wingi. Ridhaa hiyo ina bei. Ibara ya 1 inasema mamlaka ni ya wananchi, ya 2 inakataza kuyatumia nje ya Katiba. Kushinda uchaguzi si ruhusa ya kufanya lolote: kikao cha maoni ya umma kinachotangazwa leo na kufanyika kesho asubuhi si ushirikishwaji, hata kikipigwa picha.

Na anayetaka kuondoka? Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu, katika shauri la Katanga la 1995, iliacha mlango mdogo: mateso makubwa yaliyothibitishwa, pamoja na kunyimwa nafasi ya kushiriki katika serikali. Ndani ya nchi kuna Ibara za 255 na 257: saini milioni moja za wapiga kura, kaunti 24 kati ya 47, Bunge, kisha kura ya maamuzi ambayo katika angalau nusu ya kaunti asilimia 20 ya waliosajiliwa wajitokeze, na wengi waseme Ndiyo. Pwani ina kaunti 6. Zingehitaji nyingine 18 ziwaruhusu. Ikiwa njia ya kutoka iko mikononi mwa asiyetaka utoke, je, kubaki kwako ni ridhaa? Kisheria najibu ndiyo bila kusita. Kisiasa sina jibu linaloniridhisha, na wenzangu wanaosema wanalo huishia kunisomea Ibara ya 255 tena.