Chai ya Mtangazaji Hunywewa Baada ya Habari

Jumamosi iliyopita, katika kikao cha harusi kilichofanyika Tabata, shemeji yangu mmoja alinitambulisha kwa wanakamati wenzake kwa maneno ambayo nimeyasikia mara nyingi mno, na safari hii nilishindwa hata kutabasamu. "Huyu shemeji ndiye mwenye kazi nyepesi kuliko sisi sote," alisema. "Anaweka muziki wa dakika arobaini, anakwenda kunywa chai, akirudi anatuambia ulikuwa wa nani." Watu walicheka, mwenyekiti akarudi kwenye ahadi za michango, nami nikaondoka na jibu lililonikaa kooni hadi leo.

Kuhusu maandalizi ya kipindi changu cha muziki redioni sitasema mengi. Kwamba jina la mtunzi Dvořák halitamkwi kama linavyosomeka, na kwamba Mozart ana namba za Köchel, yaani za orodha ya kazi zake, tangu 1862 na asiyezisoma atapiga simfonia moja, kazi ndefu ya okestra, akitangaza nyingine, hayo ni mambo ya wiki mbili za kwanza kazini. Anayeyashindwa huhamishiwa kwenye matangazo ya vifo, ingawa huko nako majina yanataka adabu. Nasema pia "kiongozi wa okestra" wala si "kondakta", kwa sababu mjini hapa ukisema kondakta msikilizaji anamwona kijana aliyening'inia mlangoni mwa daladala akiita Gongo la Mboto.

Kinachoniudhi ni dhana iliyojificha ndani ya ile chai, yaani kwamba kipande kirefu kikishaanza kitajimaliza chenyewe na mtu yeyote atajua kimekwisha. Simfonia ya tano ya Beethoven, iliyopigwa kwa mara ya kwanza mjini Vienna tarehe 22 Desemba 1808, ina sehemu nne, lakini kati ya ile ya tatu na ya nne hakuna kituo: sauti inashuka, timpani, zile ngoma za okestra, zinabaki zikigonga taratibu chini ya ala za nyuzi, kisha okestra nzima inalipuka. Mtangazaji aliyezoea kuhesabu vituo ataingia pale timpani zinaponong'ona, na trombone zitamkuta mdomo wazi. Simfonia ya tano ya Sibelius ina mtego wa namna nyingine. Katika umbo lake la mwisho, lile la 1919, inafungwa kwa mapigo sita ya okestra nzima, na kati ya pigo na pigo pana kimya ambacho mguu hauwezi kukihesabu. Ukiingia baada ya la nne, umemkata mtu kauli mbele ya wageni wake.

Nayajua haya kwa sababu niliwahi kuumbuka. Nilikuwa na miezi saba kazini nilipopiga kwateti ya nyuzi, yaani muziki wa ala nne, ya Haydn, Opus 33 namba 2, ya mwaka 1781, ambayo Waingereza wameipachika jina la "Utani". Sehemu yake ya mwisho ni ya mbio. Karibu na kikomo muziki unasita, unapita mstari mzito wa polepole, kisha ile tuni ya mwanzo inarudi ikiwa imekatwa vipande vinne, na kila kipande kinafuatwa na kimya. Baada ya kipande cha nne kinakuja kimya kirefu zaidi, cha kumfanya mtu mwenye akili timamu anyanyuke atafute viatu vyake. Hapo nikafungua maiki na kusema, kwa ile sauti niliyokuwa nikiionea fahari wakati huo, "Huyo alikuwa Joseph Haydn, na..." Nyuma ya kioo fundi mitambo aliinua mikono yote miwili kama anayezuia lori, na chini ya lile neno "na" nikazisikia ala nne zikikirudia kipande cha kwanza cha tuni, kwa sauti ya chini kabisa, kama zinazoanza upya. Kisha zikanyamaza. Huo ndio ulikuwa mwisho.

Simu ya kwanza ilitoka Upanga, kwa mwalimu mstaafu aliyekuwa akitusikiliza kila wiki.

"Shikamoo, mzee," nilisema.

"Marahaba, mwanangu. Sasa Haydn amekucheka wewe, au wewe ndiye uliyemcheka Haydn?"

Tangu usiku ule siondoki kitini muziki unapopigwa, na nina daftari ambamo nimeandika namna kila rekodi ya maktaba yetu inavyoisha: hii inafifia, hii inakatika, hii ina makofi, hii ina kimya cha uongo. Ni daftari kuukuu lenye madoa ya chai, nakiri, lakini hiyo ni chai iliyonywewa studio, kinyume cha sheria.

Mitambo nayo ina masikio yake, na ni masikio ya mtu asiyejua muziki. Kituo kimoja nilichokifanyia kazi kilikuwa na kifaa cha kulinda hewa, ambacho kikikosa sauti kwa sekunde 10 huamini kwamba studio imekufa na kuanzisha chenyewe kanda ya akiba. Simfonia ya sita ya Tchaikovsky, ambayo aliiongoza mwenyewe mjini St Petersburg siku tisa kabla ya kufariki dunia mwaka 1893, huishia kwa chelo na besi, ala za nyuzi zenye sauti nzito, zinazozama kidogo kidogo hadi usijue ni lini hasa ziliacha kusikika. Kifaa kiliamua kwamba zimeacha mapema. Wasikilizaji waliokuwa wamefumba macho wakazinduliwa na tangazo la godoro la inchi nane. Nililikata baada ya sekunde nne kwa sababu nilikuwepo, na bado naona haya; aliyekwenda kunywa chai angelirudi akalikuta linataja maduka.

Wanaodhani kwamba haya ni maradhi ya muziki wa Ulaya peke yake wasogee karibu. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu wa Zanzibar, aliporekodiwa Bombay mwaka 1928, upande mmoja wa santuri ulibeba takriban dakika tatu, kwa hiyo mwisho unaousikia mara nyingine ni wa santuri wala si wa mwimbaji, na mtangazaji anayesema "na hivyo ndivyo wimbo unavyomalizika" amesema uongo bila kukusudia. Katika rekodi za taarabu za ukumbini mambo ni kinyume chake. Ubeti umekwisha, watu wanapanda kutuza, fidla na kanuni zinajibizana, na mtangazaji mgeni anadhani wimbo umefika tamati, anateremsha sauti taratibu kwa heshima zote, ilhali mwimbaji anavuta pumzi ya ubeti ambao ndio wenye mafumbo yote. Nimewasikia wakifanya hivyo juzi tu. Nilizima redio.

Tena yote haya hufanyika huku saa ya ukutani ikielekea saa tatu kamili usiku, kwa kuwa taarifa ya habari haimsubiri Beethoven. Simfonia ile ile kiongozi mmoja huimaliza kwa dakika 31 na mwingine kwa 36, hivyo napiga hesabu kwa kurudi nyuma kutoka saa tatu, nikitoa sekunde za kimya baada ya pigo la mwisho, ambazo nazilinda kuliko maneno yangu.

Jambo moja nililokuwa nikilitetea kwa ukali sasa linanitia shaka. Kwa miaka mingi nililaani kompresa, mtambo unaoinua sauti za chini na kubana za juu kabla ya kurushwa hewani, kwa kuwa Boléro ya Ravel, ya mwaka 1928, imejengwa yote juu ya safari ya kutoka mnong'ono hadi kishindo, na kompresa hukufikisha kabla hujaondoka. Kisha usiku mmoja nilirudi nyumbani kwa bajaji katika foleni ya Barabara ya Mandela, dereva akiwa amefungulia kipindi chetu kilichorekodiwa, kikirushwa bila kompresa, na kwa dakika tano za kwanza hatukusikia ila honi. Dereva aliguna, akahamia mpira. Sikuwa na la kumwambia.

Na ile kwateti ya Haydn bado sijaimudu. Nikiwaonya wasikilizaji mapema kwamba kutakuwa na kimya cha uongo, nimeutoboa utani kabla mwenyewe hajautoa. Nisipowaonya, wapo watakaodhani umeme umekatika na kuhama masafa, nao ndio hao hao niliowabembeleza wiki nzima wafungulie. Nimejaribu njia zote mbili. Alhamisi hii nitaipiga tena bila kuonya, mkono ukiwa mbali na maiki, na fundi mitambo ameahidi kukizima kile kifaa cha kulinda hewa kwa dakika hizo, ingawa hajasema kama ameomba ruhusa.