Ametoka, lakini kesi ipo: yanayosemwa na yaliyo kweli kuhusu polisi na mahakama za Uganda

Dada yangu alikuwa na vyerehani vitatu katika kibanda chake hapa Busia, upande wa Uganda. Usiku mmoja kufuli likakatwa, asubuhi vyerehani havipo. Wiki iliyofuata polisi wakamkamata kijana wa mtaa wa pili, na cherehani kimoja kikapatikana chini ya kitanda chake. Tukashukuru Mungu. Siku mbili baadaye dada akitoka sokoni akamkuta kijana yule yule stendi ya boda boda, amekaa juu ya pikipiki ya mtu, anakula rolex, ile chapati iliyoviringishwa na mayai.

Alirudi nyumbani analia. "Wameshakula hela," akasema. Mama akaitikia kwamba sheria ni ya wenye pesa, na sote tukakubali. Wito wa mahakama ulipokuja wa kwanza, hatukwenda. Wa pili, hatukwenda. Kesi ikaahirishwa na kuahirishwa, mwisho hakimu akaifuta kwa kukosa mashahidi. Nyumbani tukasema: si mnaona? Tulijua.

Baadaye nilianza kuwasaidia kwa kutafsiri watu wanaofika mahakamani bila Kiingereza, na kazi hiyo ndiyo iliyonifumbua macho. Kijana yule alikuwa ametoka kwa bondi ya kawaida. Siku ile anakula rolex yake, kesi ilikuwa hai. Tuliiua sisi, kwa kukaa nyumbani. Ndiyo maana maneno ninayoyasikia kila siku kwenye korido za mahakama hayaniachi nikae kimya.

"Ametoka, basi kesi imekwisha"

Hili ndilo linaloumiza kuliko yote. Katiba ya Uganda ya 1995, kifungu cha 23, inasema mtu aliyekamatwa lazima afikishwe mahakamani ndani ya saa 48 tangu alipokamatwa, kama hajaachiwa kabla ya hapo. Jumamosi na Jumapili zimo humo humo. Sasa polisi wetu mara nyingi hukamata kwanza, halafu ndipo wanaanza kupeleleza. Saa 48 zinakwisha, jalada halijakamilika, mashahidi hawajaandikisha maelezo. Hapo njia halali ni kumwachia mshukiwa kwa bondi: anatia sahihi, wadhamini wanatia sahihi, anapewa tarehe ya kurudi kuripoti. Upelelezi unaendelea. Jalada likiiva linakwenda kwa mwendesha mashtaka, na mtu anaitwa.

Bondi ni ya polisi. Dhamana ni ya mahakama, na hutolewa mtu akishasomewa mashtaka. Hakuna hata moja kati ya hizo iliyo hukumu. Kifungu cha 28 cha Katiba kinamhesabu mshtakiwa kuwa hana hatia mpaka ithibitishwe au akiri mwenyewe, na mtu wa namna hiyo huwezi kumfungia miaka kwa sababu tu mtaa umekasirika. Najua jambo hili ni chungu kwa aliyeibiwa, na uchungu huo ninaujua kwa jina la dada yangu. Hata Rais Museveni amepinga hadharani, tena zaidi ya mara moja, washukiwa wa mauaji kupewa dhamana. Lakini Katiba bado inampa kila mshtakiwa haki ya kuiomba, na inamwachia hakimu au jaji uamuzi wa kuitoa au kuinyima.

Na pesa je? Bondi ni bure, haina bei hata ya shilingi. Anayelipa kaunta analipa kitu ambacho sheria haikijui. Sisemi rushwa haipo. Ipo, na wanaoilipa zaidi ni wale wasiojua kwamba hawadaiwi. Mzee anakuja: "Afande, nimekuja kumtoa mwanangu, ni ngapi?" Swali hilo peke yake limeshafungua mlango. Angeuliza: "Afande, bondi inahitaji wadhamini wangapi?" mazungumzo yangekuwa mengine. Hali ni hiyo hiyo kwa Fomu ya Polisi Namba 3 anayojaziwa na daktari mtu aliyepigwa, na kwa namba ya SD, yaani namba ya kitabu cha taarifa cha kituo, unayopewa ukiripoti. Havilipiwi.

Dhamana ya mahakama ndiyo inayoweza kuhusu fedha taslimu. Hakimu akiagiza kiasi, kinalipwa benki, unapewa risiti, na kesi ikimalizika fedha hurudishwa ikiwa mshtakiwa alitii masharti. Niliwahi kukaa na mzee mmoja kwenye benchi la nje, akaitoa risiti yake ndani ya kofia, imekunjwa mara nne mpaka maandishi yameanza kufutika kwenye mikunjo. Kesi ya mwanawe ilikuwa imekwisha zamani. "Hii si ni faini?" aliniuliza. Alikuwa amekopa ile hela, akauza ng'ombe kulipa deni, na muda wote huo hakuna aliyemwambia kwamba ilikuwa bado ni yake.

"Hakimu amekataa kumsikiliza, amehongwa"

Mtu akishtakiwa kwa mauaji au ujambazi wa kutumia silaha, hupelekwa kwanza kwa hakimu. Anasomewa shtaka, halafu anaambiwa: usijibu lolote. Jamaa waliosafiri tangu alfajiri wanashangaa. Mshtakiwa mwenyewe anataka kusema, ananyamazishwa, anarudishwa garini. Wanatoka wakiamini kuna mchezo.

Ukweli ni kwamba makosa hayo husikilizwa na Mahakama Kuu tu. Hakimu hana mamlaka ya kupokea jibu lake. Kazi yake pale ni kumsomea, kumweka rumande na kufuatilia upelelezi mpaka faili lipelekwe Mahakama Kuu.

Hapo kuna shimo ambalo watu wengi hawalioni. Katiba inasema kwa kosa la Mahakama Kuu pekee, mtu akikaa rumande siku 180 kabla kesi haijapelekwa huko, lazima aachiwe kwa dhamana. Kwa makosa yanayoweza kusikilizwa pia na mahakama za chini ni siku 60. Kabla ya marekebisho ya 2005 zilikuwa siku 360 na 120, kwa hiyo hatua ilipigwa. Lakini soma tena maneno yale: kabla kesi haijapelekwa. Ikipelekwa siku ya 179, ile saa inasimama. Kuanzia hapo mshtakiwa anangoja kikao cha Mahakama Kuu, na kikao kinangoja jaji, fedha na nafasi kwenye orodha. Watu huzeeka katika kungoja huko. Magereza ya Uganda yana watu zaidi ya mara tatu ya nafasi zilizopo, na karibu nusu yao hawajahukumiwa. Ukisikia gereza kuu la Luzira limefurika, usidhani limejaa wahalifu waliothibitishwa. Humo kuna watu wanaomngoja jaji, na kwa upande wa pili kuna familia za waliouawa zinazomngoja jaji huyo huyo.

Ni kwa sababu hii mpango wa kukiri kwa makubaliano ulianza kujaribiwa mwaka 2014, ukawekewa kanuni zake 2016. Mshtakiwa anakiri, pande mbili zinakubaliana adhabu, jaji anaidhinisha au anakataa. Wengine wanaudharau kama biashara. Mimi hofu yangu ni nyingine: aliyekaa rumande miaka mitano anaweza kukiri asichofanya ili tu ajue tarehe ya kutoka. Na kwa kuwa Katiba inaitaka mahakama izingatie muda wa rumande inapotoa adhabu, tarehe hiyo huwa karibu na inavutia. Wakili awepo siku hiyo. Kwa kosa linaloweza kuleta kifo au kifungo cha maisha, Katiba inaitaka serikali imlipie mshtakiwa wakili.

"Kesi ni yangu, nikisamehe imekwisha"

Tazama jalada: limeandikwa Uganda dhidi ya fulani. Ukisharipoti kosa la jinai, kesi si yako tena, ni ya nchi, na wewe ni shahidi. Uamuzi wa kuiendesha au kuiondoa uko kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma na waendesha mashtaka wake. Kwa makosa madogo ya ugomvi wa kibinafsi, hakimu anaweza kuhimiza mpatane, na hilo ni jema. Lakini baba anayepokea mbuzi watatu na bahasha kwa sababu binti yake wa miaka 14 amenajisiwa hajapatanisha kitu. Kosa lipo pale pale, na mwenyekiti wa LC1, baraza la kijiji, aliyewakalisha chini ya mwembe hana mamlaka ya kulimaliza. Nimeona binti kama huyo akiwa kwenye kizimba cha mashahidi, anamtazama baba yake kabla ya kila jibu. Kesi ya namna hiyo huvunjwa na watu wa nyumbani, halafu lawama anapewa hakimu.

"Niliitikia kwa kichwa tu"

Wasemaji wa Kiswahili, hili linatuhusu sisi hasa. Katika nchi hii Kiswahili kiliingia masikioni mwa wengi kwa sauti ya askari. Wazee wa Buganda bado wanashtuka wakisikia "panda gari", kwa sababu ndivyo misako ya miaka ya 1980 ilivyoitwa. Hata leo kituoni utajibiwa kwa Kiswahili, afande atakuhoji kwa Kiswahili, gerezani utampata nyapara. Halafu unafika mahakamani, na kila kitu kinageuka Kiingereza.

Utingo wa lori kutoka Kongo au mfanyabiashara wa mpakani anasimama kizimbani, anaulizwa kama ameelewa, anaitikia kwa kichwa kwa heshima. Anaulizwa kama ni kweli. "Ndiyo, lakini yeye ndiye aliyeanza kunipiga." Mkalimani asipokuwepo, inayosikika ni ile "ndiyo" peke yake. Sheria iko wazi: shtaka lielezwe kwa lugha anayoielewa, maneno yake yaandikwe jinsi alivyoyasema, na jibu lenye "lakini" ya namna hiyo liandikwe kuwa amekana. Mkalimani ni haki ya Katiba, na mshtakiwa halipi chochote. Kwa hiyo sema mapema, kwa sauti: "Mheshimiwa, naomba mkalimani wa Kiswahili." Usione haya. Haya hiyo imewafunga watu.

Na maneno ya kituoni je? Wengi huamini kwamba mtu akishakiri polisi, yamekwisha. Kukiri kwa askari yeyote tu hakupokelewi. Kunatakiwa kuwe mbele ya afisa wa cheo cha mkaguzi msaidizi au zaidi, au mbele ya hakimu, tena kwa hiari. Kilichopatikana kwa mateso kilikatazwa na sheria ya 2012 dhidi ya mateso, na tangu 2019 afisa aliyevunja haki za mtu anaweza kuwajibishwa yeye binafsi.

Mengine nayapitia haraka. Kifungo cha maisha si miaka 20. Mahakama ya Juu ilisema mwaka 2011, katika kesi ya Tigo Stephen, kwamba ni maisha ya mtu mpaka mwisho wake. Mauaji hayaleti kitanzi moja kwa moja: Susan Kigula na wenzake 416 waliohukumiwa kifo walipinga sheria iliyoilazimisha adhabu hiyo, na Januari 2009 Mahakama ya Juu ikakubali kwamba jaji lazima awe na nafasi ya kupima adhabu. Kigula mwenyewe alipunguziwa ikawa miaka 20, akasomea sheria akiwa gerezani, akatoka 2016. Na wanaosema raia hawezi tena kupelekwa mahakama ya kijeshi wanaishia nusu ya habari. Hukumu ya Mahakama ya Juu katika kesi ya Michael Kabaziguruka, aliyewahi kuwa mbunge, ilikataza hilo tarehe 31 Januari 2025, lakini kabla mwaka haujafika mwisho Bunge lilikuwa limebadilisha sheria ya jeshi na kuirudishia mahakama hiyo raia katika mazingira fulani.

"Mwizi akipigwa na wananchi, hiyo si kesi"

Ni kesi, na jina lake ni mauaji. Aliyeleta tairi, aliyeleta petroli na aliyerusha jiwe moja tu wanaweza kushtakiwa pamoja, kwa kuwa nia yao ilikuwa moja. Nimewauliza vijana wa stendi kwa nini wanafanya hivyo, na jibu halibadiliki: "Tukimpeleka polisi, kesho yuko hapa." Ni bondi ile ile. Karatasi ambayo hakuna aliyewaelezea inageuka hukumu ya kifo kwa mtu ambaye pengine hata si mwizi.

Mwezi uliopita mama mmoja muuza samaki alinifuata nje ya mahakama, ameshika kipande cha karatasi chenye namba ya SD, mikono inamtetemeka kwa hasira. Aliyemvunjia duka ameonekana mtaani. Nikamwambia: "Mama, usiniulize kwa nini ametoka. Rudi kituoni umuulize mpelelezi anaripoti lini tena, na jalada liko wapi." Alirudi baada ya saa mbili na tarehe imeandikwa kiganjani kwa kalamu, kwa kuwa karatasi yake ilikuwa imelowa. Siku ya kesi nilimkuta amefika kabla ya lango kufunguliwa, na mashahidi wawili nyuma yake.